Chumvi ya Balangida kwa Harusi ya Mwajuma

Chitanda aliponiambia kuna nafasi ya pili, nilipaswa kusema hapana. Nilisema ndiyo kabla hajafunga mdomo.

Wenzangu wa kahawa pale Tandika, kila tukikutana mnaniuliza ilikuwaje huko kwenye chumvi, nami nawapa kipande kimoja, mnacheka, kahawa inapoa, tunaachia hapo. Sasa nimekaa kuwaandikia yote kwa mfuatano wake. Habari za tiketi na maandalizi naziruka, hazina ladha. Ila jambo moja lazima mlijue kabla sijapanda treni.

Mwajuma, ambaye wengi mnamjua kama binti yangu, ni mtoto wa marehemu mdogo wangu Hamisi. Baba yake alifariki yeye akiwa bado anatambaa, nikamchukua mie na mke wangu Zena. Alipoanza kusema akaniita Baba, nasi hatukumsahihisha. Hana kaka. Walii wake ni mie: wa kukaa mbele ya shehe, kushika mkono wa bwana harusi na kutamka kwamba nimemuoza. Ndugu yetu wa mwisho, Shomari, yuko, lakini Shomari ni mtu wa kuonekana Idi hadi Idi. Nikaha ilipangwa Jumapili baada ya Alasiri, nyumbani kwangu Temeke.

Naye Benedikto Chitanda, mchonga vinyago, jirani yangu ukuta kwa ukuta, mkwe wake alimpa safari ya watu wawili kwenda kutembezwa Ziwa Balangida, kule chini ya mlima Hanang. Kiangazi ziwa lile hukauka likabaki uwanja wa chumvi usio na mwisho. Mwenzake wa safari aliugua. Safari ilikuwa wiki ileile ya harusi.

"Jumatano tunatoka, Ijumaa tunatembezwa, Jumamosi tuko kwenye basi la kurudi," Chitanda alisema. "Jumapili unaozesha ukiwa umepumzika. Au unaogopa Zena?"

Mie nimefanya kazi bandarini maisha yangu yote. Nimeshusha mizigo ya kutoka duniani kote, na mwenyewe nilikuwa sijavuka Morogoro ila kwa mazishi. Tena nilijitafutia sababu nzuri. Kwetu bibi harusi akipelekwa kwake, kitu cha kwanza kuvuka kizingiti ni chumvi. Siku hizi tunanunua pakiti dukani. Nikamwambia Zena kwamba chumvi ya Mwajuma nitaichimba kwa mkono wangu.

Zena alikuwa anachagua mchele. Hakuinua uso. "Nenda. Ila Jumapili ni ya mtoto."

Mwajuma ndiye aliyenifungia chapati za njiani. "Baba, usije ukanogewa huko."

"Ninogewe na chumvi?" nikamjibu.

Temeke hadi Dodoma: treni ya umeme

Jamani, treni ile! Nilivaa kanzu na kofia ya kufuma kama naenda swala ya Idi. Ilipoondoka sikujua kama imeondoka. Nilidhani jengo la stesheni ndilo linarudi nyuma. Pugu ikapita, Ruvu ikapita, mie nimebandika pua kwenye kioo kama mtoto wa chekechea. Chitanda alijifanya amezoea. Tulipoingia handaki la kwanza, huko mbele ya Kilosa, kukawa giza dirishani, akanishika mkono.

"Umenishika," nilimwambia.

"Nakushika wewe usianguke."

"Nimekaa, Benedikto, nianguke wapi?"

Dada aliyekaa mbele yetu alicheka mpaka akatoa korosho zake akatugawia. Tukala na chapati za Mwajuma. Ucheleweshaji wa safari hii haukuwa wa treni. Dodoma tulifika jua lingali juu, tukanunua zabibu, tukalala mapema kwenye nyumba ya wageni ambayo shuka zake zilinukia sabuni ya kipande.

Dodoma hadi Katesh: ushehe nisiousomea

Alhamisi tulipanda basi la Singida. Baada ya Manyoni mkanda wa injini ukakatika, tukateremshwa wote kando ya barabara kwenye miiba na vumbi jekundu. Hapo ndipo nilipopata cheo.

Mama mmoja wa Kinyaturu, mtoto mgongoni, aliitazama kanzu yangu kwa muda, akaja akapiga goti. "Shikamoo shehe. Mwanangu halali, analia tu. Nisomee."

"Marahaba. Mama, mie si shehe, mie nilikuwa bandarini."

"Shehe wa bandari," Chitanda akadakia, uso mkavu kama gogo la mpingo. "Mkubwa kabisa. Ni mnyenyekevu tu."

Ningefanyaje? Nikasoma Alhamdu, nikampulizia mtoto. Wallahi akanyamaza papo hapo. Wakaja wengine wawili. Mkanda ulipofungwa nilikuwa nimesomea mafua, mguu na mzee mmoja mwenye kesi ya mpaka wa shamba. Yule mama alinipa chupa ya mafuta ya alizeti, akakataa katakata kuirudisha mkobani.

Singida tulikula kuku wa kienyeji mgumu wa haki, wa kupigana naye. Kisha gari dogo mpaka Katesh, na baridi. Hakuna aliyeniambia kwamba Tanzania ina baridi ya namna ile. Hanang imesimama juu ya mji imevaa wingu kichwani, na mie nimesimama chini yake katika kanzu nyepesi, meno yanagongana. Kiongozi wetu alitupokea akanivisha koti lake. Anaitwa Gidamis, kijana wa Kibarabaig, mrefu, mpole, anaendesha mwenyewe gari la safari lililozeeka.

"Kesho wazee wangu mtaona kitu," alisema. "Saa sita mchana tunageuza. Mchana chumvi inatoa maji chini, inalegea."

Nawaomba mkumbuke maneno hayo.

Juu ya chumvi

Ijumaa asubuhi tukauzunguka mlima. Barabara ikashuka, mashamba yakaisha, ikabaki migunga, halafu ghafla mbele yetu ardhi ikawa nyeupe. Nilitoa sauti. Sijui niliita nini, nadhani nilimwita mama yangu.

Wenzangu, mnaijua bahari, mmezaliwa nayo. Fikirini bahari imesimama, maji yote yameondoka, umebaki weupe mtupu mpaka mwisho wa macho, na upande mmoja ukuta wa bonde umejiinamia kuutazama. Nilivua viatu. Chumvi ilikuwa inakatika chini ya nyayo kwa sauti ya ukoko wa wali unaobanduka sufuriani. Imejigawa vipande vipande, kila kipande kina kingo zilizoinuka kidogo, kama mtu ametandika mikeka mingi akaishona. Mbali niliona ng'ombe wanatembea hewani, miguu haigusi kitu. Nikamwambia Gidamis. Akasema wako ng'ambo, joto ndilo linawainua. Nilitaka kwenda kuwatazama.

Chitanda alilala chali akatanua mikono. "Athumani, nikifa nileteni hapa. Sitaoza."

"Utakuwa ng'onda, samaki wa chumvi."

"Ng'onda wa Kimakonde! Mtanila na muhogo."

Tulirukaruka. Naandika hivi bila haya: wazee wawili wenye magoti mabovu tulirukaruka juu ya ziwa, Gidamis anatupiga picha. Niliimba. Nilikimbia. Sijui mara ya mwisho kukimbia ilikuwa lini, na hapakuwa na wa kunifukuza wala kitu cha kugonga.

Nikaanza kukusanya chumvi yangu pale ukingoni. Gidamis akainama akaonja. "Hii ina magadi mengi, mzee. Itaharibu mboga. Nzuri ya kula iko kule kati. Ila muda wetu umeisha."

Jua lilikuwa utosini. Chitanda alishaanza kuvaa viatu. Mie ndiye niliyesema: "Mwanangu, nampeleka binti kwake na magadi? Dakika chache tu."

"Mzee, nilikwambia kunalegea."

"Hili gari lako limeona mengi. Twende."

Ni mtu mzima namwomba kijana, angenikatalia vipi? Tulikwenda. Na kule kati, kweli, chumvi ilikuwa safi, mawe meupe yanayong'aa. Chitanda alitoa patasi yake, haiachi hata akienda kanisani, akanikatia bonge zuri la mraba. Nililifunga kwenye kitambaa cha kilemba nikalipakata kama mtoto mchanga. Gidamis akawasha gari, akageuza, na gurudumu la nyuma likavunja ukoko. Likafuata la pili. Chini ya weupe ule kuna tope jeusi, zito, linanuka mayai viza. Tulichimba, tukaweka mazulia ya gari, tukasukuma. Kila tulivyosukuma ndivyo lilivyokaa kitako.

Simu haikuwa na mtandao. Tukaenda kwa miguu mpaka ukingoni, na jua lilipokuwa linazama tukafika kwenye boma la kwanza, midomo imepasuka kwa chumvi.

Bomani

Mwenye boma alikuwa mzee wa rika langu, shuka la zambarau, fimbo ndefu, Kiswahili chake cha kuchagua. Tulipewa maziwa, ngozi za kulalia na moto. Gidamis akamweleza shida. Jibu likawa zuri na baya: ng'ombe wa kuvuta gari wapo, vijana wa kuwaongoza wameenda mnadani, watarudi kesho mchana.

Kesho ni Jumamosi. Basi la kwenda Dar linaondoka Katesh alfajiri. Niliwaza: nikilikosa hilo, naweza kushika gari la mchana mpaka Singida, kisha basi la usiku. Jumapili asubuhi niko Temeke. Bado inawezekana. Nililala nimelikumbatia bonge langu.

Asubuhi mwenye boma aliuliza kwa nini natazama njia kila wakati. Nikamwambia nina harusi, namuoza binti yangu.

Mzee yule akasimama. Akaita wake zake kwa Kibarabaig, watoto wakatoka mbio, mbwa wakabweka. Nikamuuliza Gidamis nimekosea nini.

"Hujakosea. Anasema baba wa bibi harusi amelala kwake bila kula nyama, na hilo haliwezekani. Anakuchinjia mbuzi."

"Mwambie asante sana, ila nina haraka."

Gidamis akakuna kichwa. "Mzee, hilo nikimwambia, sitapita tena hapa na wageni."

Wakati mbuzi anafungwa, ikapita pikipiki ya kijana anayepeleka maziwa Katesh. Alisimama kusalimia. Nafasi ilikuwa moja, nyuma yake, kati ya madumu.

"Panda," Chitanda aliniambia. Hakuwa anatania. "Mie nitabaki na gari na mbuzi. Panda, Athumani, uende kwa mtoto."

Nikaiendea ile pikipiki kabisa. Nikagusa kiti. Ndipo mwenye boma akaja na kisu, ameshika makali, mpini ananielekezea mie. Alishajua kanzu na kofia maana yake nini. Akasema kwa Kiswahili chake: "Wewe Mwislamu. Chinja wewe, ule. Wewe baba."

Wanawake walikuwa wamesimama wameanza kuimba taratibu. Watoto wananitazama. Nyuma yao ziwa jeupe lote linawaka. Nawaambia ukweli ambao sijawaambia pale kwenye kahawa: sikubaki kwa adabu tu. Nilikuwa nafurahia. Hakuna siku katika maisha yangu nimetazamwa namna ile. Nikajiambia vijana watarudi mchana, muda upo. Nikamwambia wa pikipiki, "Tangulia, mwanangu."

Nilimwelekeza mbuzi kibla, nikataja jina la Mungu, nikachinja. Mbuzi wa Mwajuma nilikuwa nimchinje mie vilevile, nyumbani, kwa mkono uleule.

Nyama ilichomwa kwa kuni za mgunga, nikaibanjia chumvi yangu juu. Sijapata kula nyama tamu kama ile. Mwenye boma alinywa pombe ya asali, mie nikanywa maziwa, akanifundisha kucheza kwa kuruka wima, nikaruka. Mama mwenye boma alinivua kofia akaipaka samli, kwa baraka. Nimeiacha hivyo mpaka leo, Zena amechoka kuniomba aifue.

Vijana walirudi jioni. Mnada ulikuwa mzuri, walikaa. Ng'ombe wakafungwa, gari likatoka kwenye tope jua likizama, linakohoa, linasimama kila mara. Tulipofika Katesh maduka yalishafungwa na hapakuwa na gari la kwenda popote.

Hapo mtandao ukarudi. Nikampigia Zena.

"Uko wapi?"

"Katesh."

Nyuma yake nilisikia sufuria na wanawake wanacheka. "Sogezeni Jumatatu," nikasema.

"Wageni wa bwana harusi wametoka Kilwa, Jumatatu wanaondoka. Shehe ana nikaha nyingine baada ya yetu." Nikamsikia anafunika sufuria. "Nitamwambia Shomari."

"Mpe simu Mwajuma."

"Anapakwa hina," Zena alisema. "Mikono yote miwili."

Katesh hadi Dar: nikaha ndani ya basi

Basi la alfajiri lilikwenda vizuri, vizuri kuliko nilivyotaka kuamini. Nilikuwa nahesabu vituo kama anayeweza kulishinda jua. Dodoma ikapita. Gairo ikapita. Alasiri ikatukuta barabarani kabla ya Dumila. Kwenye basi kulikuwa na singeli inapigwa kwa sauti ya kupasua vioo.

Simu ikaita. Ni Zena, ameiweka katikati ya watu nisikilize.

Nikasimama kwenye korido. "Konda, zima muziki, baba yangu, nakuomba. Naozesha."

"Mzee unaozesha kwenye basi?"

"Zima!" Chitanda alinguruma kutoka kitini. Sijawahi kumsikia akipaza sauti vile. Muziki ukazimwa. Basi zima likanyamaza, hata dereva akapunguza mwendo. Nikaiinua simu juu, nikaifungulia sauti.

Shehe alikuwa anamalizia hotuba. Kisha nikamsikia Shomari, mdogo wangu, anakohoa kama anavyokohoa akiwa na hofu. Akasema, "Nimekuoza mtoto wa ndugu yangu, Mwajuma binti Hamisi—"

Mtandao ukakatika.

Watu wote walinitazama. Mama mmoja wa nyuma akauliza, "Amekubali?" Nikasema, "Atakuwa amekubali." Basi akapiga kigelegele, na wanawake wote wakamfuata, basi zima linalia, konda anapiga mlango kwa kiganja, watu nisiowajua wananipa mkono: hongera mzee, hongera baba. Nilipokea mikono yote. Chitanda alitazama dirishani mpaka Morogoro.

Temeke

Tulifika turubai limeshaanza kushushwa. Bibi harusi alikuwa ameshapelekwa kwake, Yombo, na chumvi iliyotangulia kizingitini ilikuwa ya pakiti, Shomari aliinunua duka la kona. Zena alinipakulia pilau iliyobaki. Hakunigombeza. Alikaa karibu yangu mpaka nikamaliza.

Kesho yake nilikwenda Yombo na bonge langu. Mwajuma alilipokea kwa mikono miwili, rangi ya hina bado mbichi. Akalisifu, akaliweka kwenye sahani juu ya kabati. Aliniuliza habari za treni, akacheka niliposimulia ushehe wangu. Alinikaanga mihogo, akaitia chumvi ile. Hakunilaumu kwa neno lolote, wala mumewe. Nilipoaga alinisindikiza mpaka mlangoni.

"Ahsante kwa kuja, Baba mkubwa," alisema.

Ndivyo ninavyostahili kuitwa, kwa damu na kwa kanuni. Mie ni baba mkubwa wake. Mnapoona picha ile kwenye simu yangu, nimeruka juu, miguu haigusi chumvi, mnasema Mzee Athumani alikwenda akafurahi. Ni kweli, nilifurahi sana. Tangu siku ile Mwajuma hajaniita Baba tena.